Uchunguzi wa mfuko wa uzeeni India (kifungu 7A): nguvu za kamishna zinaishia wapi?

Kampemba_Hesabu (Lubumbashi)

Jambo yenu wote. Swali ni la sheria ya India, lakini humu kuna wengi wanaoshika hesabu za makampuni ya Wahindi hapa mjini, na dosie za namna hii zinafika mezani kwetu.

Kampuni dada yetu kule India imepata wito wa uchunguzi chini ya kifungu 7A cha sheria ya EPF ya 1952, ule mfuko wa akiba na pensheni wa wafanyakazi. Hesabu za kundi zima zinafungwa huku Lubumbashi, kwa hiyo nimeombwa kuandaa majibu ya upande wa namba. Ripoti ya enspekta ni fupi. Amechukua mstari mmoja wa kitabu, "gharama za vibarua", rupia 40,00,000 kwa miaka mitatu, akapiga 25% juu yake, akapata deni la 10,00,000. Jina la mfanyakazi hakuna hata moja.

1. Inaruhusiwa kupanga deni la pensheni juu ya jumla ya kitabu tu, bila kujua ni ya nani?
2. Kamishna anaweza kufunga banki sasa hivi, uchunguzi ukiwa bado unaendelea?
3. Wakipanga deni, tunakata rufaa wapi, na ni kweli lazima kuweka 75% ya deni kwanza?
4. Miaka mingapi nyuma wanaweza kurudi?

Aksanti.

---

Avoka_Kamalondo

Kaka, kwanza tenganisha watu wawili ambao ripoti hiyo inawachanganya. Enspekta anafanya kazi chini ya kifungu 13. Anaweza kuingia mahali pa kazi kwa saa zinazofaa, kuomba vitabu, kuhoji watu, kuchukua nakala, hata kushika karatasi anazoona zinahusu kosa. Hapo ndipo mamlaka yake yanaishia. Kupanga deni si kazi yake. Anayepanga ni ofisa wa kifungu 7A, kuanzia kamishna msaidizi kwenda juu, na kwake ripoti ya enspekta ni ushahidi kama ushahidi mwingine. Mna haki ya kupewa nakala, kuijibu kwa maandishi, na kuomba mwandishi wake aje aulizwe maswali. Ombeni hivyo kwenye kikao cha kwanza, na mhakikishe ombi limeandikwa kwenye karatasi ya mwenendo wa siku hiyo. Ombi la mdomo halitaonekana popote mbele ya tribinali ya rufaa.

Swali la 1 ndilo lenye uzito. Kifungu 7A(2) kinampa kamishna nguvu nne za mahakama ya madai: kuita mtu na kumhoji kwa kiapo, kulazimisha karatasi zitolewe, kupokea ushahidi wa hati ya kiapo, na kutuma mtu mwingine akahoji mashahidi kwa niaba yake. Wengi wanazisoma kama fimbo ya kumpigia mwajiri. Mahakama Kuu Kabisa ya India ilizisoma vingine katika kesi ya Food Corporation of India, iliyochapishwa katika ripoti za 1990. Shirika lile lilikuwa na vibarua wa wakandarasi kwenye maghala mengi, likamwomba kamishna awaite wakandarasi walete orodha zao. Hakuwaita, alipanga deni juu ya karatasi alizokuwa nazo. Mahakama ikarudisha dosie. Msimamo wake ni kwamba haitoshi kusema mwajiri hakuleta ushahidi. Lazima iulizwe pia kama ofisa alitumia nguvu alizopewa ili kuwatambua wafanyakazi. Mwaka 2008, katika kesi ya shirika la misitu la Himachal Pradesh, mahakama hiyohiyo ilielekeza deni lihesabiwe kwa wafanyakazi wanaoweza kutambuliwa tu.

Sababu yake iko wazi. Pesa ya EPF si kodi. Kila rupia inaingia kwenye akaunti ya mtu mwenye jina na namba. Deni lisilo na mtu likilipwa, halimfikii kibarua yeyote.

Lakini angalieni sana: ulinzi huu unamfaa mwajiri aliyetimiza sehemu yake. Ukificha vitabu, au ukikataa kutaja wakandarasi wako, halafu ukalia kwamba hakuna majina, utashindwa. Kifungu 7A(3A) kinamruhusu kamishna kuamua kwa karatasi zilizopo kama mwajiri hakufika au hakuleta alichoombwa. Basi barua yenu ifanye mambo mawili: itoe majina na anwani za wakandarasi wote mlionao, na iombe waziwazi waitwe chini ya 7A(2). Chukueni nakala yenye muhuri wa kupokelewa. Karatasi hiyo moja itawafaa kuliko kurasa ishirini za mabishano.

Mipaka mingine ya ofisa wa 7A ambayo watu husahau: hana uwezo wa kuamuru mtu arudishwe kazini, wala kulipisha mshahara ambao haukulipwa. Kiinua mgongo kilikuwa na sheria yake ya 1972 hadi Novemba 2025. Faini ya ucheleweshaji ya kifungu 14B inahitaji wito wake na nafasi yake ya kujitetea. Haichomekwi kimyakimya ndani ya uamuzi wa 7A. Na akishatoa uamuzi wa mwisho, hawezi kuufungua tena kwa sababu amefikiri upya. Mlango wake ni marejeo ya 7B (kuombwa auangalie upya), au 7C kama kuna kiasi kilichoponyoka, nayo 7C ina mwisho wa miaka 5 tangu uamuzi ulipopelekwa kwa mwajiri.

Swali la 2: banki. Kufunga akaunti ni hatua ya kukusanya deni, vifungu 8B hadi 8G. Deni lazima liwe limekwisha kupangwa. Uchunguzi ukiwa unaendelea, hakuna "deni" la kukusanya kwa kipindi hicho. Ila chunguzeni kama hakuna deni lingine la zamani lililokwisha kuamuliwa na kusahaulika, maana kwa hilo barua ya 8F, ya kuiagiza banki ilipe, inaweza kwenda banki moja kwa moja.

---

MamaPaie_Katuba

Maître amesema ya sheria, mimi naongeza ya namba, kwa sababu ndiko dosie nyingi zinaharibikia.

Kaka Kampemba, jambo la kwanza ni mkato. Wahindi wanaandika 10,00,000 na maana yake ni milioni moja, siyo milioni kumi. 40,00,000 ni milioni nne. Ukiingiza namba hizo kwenye jedwali la huku kwa kunakili tu, programu inaweza kuzisoma kama maneno au kuzikata. Ondoa mikato yote kabla ya kujumlisha.

La pili, mwaka. Vitabu vyetu Congo vinaanza Januari na kuisha Desemba. Mwaka wa hesabu wa India unaanza tarehe 1 Aprili hadi 31 Machi. Kama hesabu za kundi zilifungwa huku kwa mwaka wetu, mstari wa "gharama za vibarua" ulioko kwenu hautalingana na ule aliouona enspekta, na kamishna atafikiri mnaficha. Kata upya mwezi kwa mwezi, halafu panga kwa Aprili–Machi.

La tatu, hiyo 25% yenyewe. Inatoka hapa: 12% ya mfanyakazi, 12% ya mwajiri, 0.5% ya bima ya kifo na 0.5% ya uendeshaji. Ndani ya ile 12% ya mwajiri, 8.33% inakwenda kwenye pensheni, kwa mshahara usiozidi kikomo cha rupia 15,000 kwa mwezi, kikomo cha tangu Septemba 2014. Viwango hivi vinahesabiwa juu ya mshahara wa msingi na posho ya ugumu wa maisha. Havihesabiwi juu ya fakture nzima ya mkandarasi. Tangu hukumu ya Februari 2019, kesi ya Vivekananda Vidyamandir, posho inayolipwa kwa wote kwa usawa inahesabiwa kama mshahara wa msingi, kwa hiyo usijaribu kuutoa mshahara nje kwa kuupa jina lingine. Mafuta ya mashine, kukodi gari, saruji, faida ya mkandarasi: hivyo siyo mshahara wa mtu.

Chukua kila voucher ya mstari huo na uigawe kwenye makundi. Mfano wa kuonyesha tu:

Jumla ya kitabu: 4,000,000
Kukodi mashine na vifaa, kwa fakture: 1,400,000
Wakandarasi wenye namba yao ya EPF, wenye risiti za mwezi: 900,000
Kinachobaki: 1,700,000

25% ya 1,700,000 ni 425,000, siyo milioni moja. Na hiyo 425,000 bado haijachujwa. Ndani ya kinachobaki tafuta watu ambao mshahara wao ulipita 15,000 siku waliyoanza na ambao hawakuwahi kuwa wanachama. Hao wako nje ya mfuko. Wanaobaki, andika jina, siku za kazi, malipo. Hao walipieni, na msingoje kuambiwa. Ni haki yao, na tena kinacholipwa mapema hakizai riba.

Kwa wakandarasi wenye namba yao, usilete barua inayosema "sisi tunalipa". Leta ile karatasi ya malipo ya kila mwezi inayotoka kwenye mtandao, wenyewe wanaiita ECR, yenye majina na namba za wanachama, na uilinganishe na orodha ya mahudhurio ya mahali penu. Hapo ndipo inapovunjika mara nyingi: mkandarasi ana namba halali, analipia watu 12, na kwenye mlango wa kampuni waliingia 30. Wale 18 ni wenu. Mpango wa EPF, aya ya 30(3), unamweka mwajiri mkuu kuwa mwenye kulipa hata kwa waliopitia kwa mkandarasi, na kifungu 8A cha sheria kinamruhusu kumkata mkandarasi huyo pesa hiyo baadaye.

Kama hamna anwani za wakandarasi wa zamani, angalieni kodi iliyokatwa kwenye malipo yao chini ya kifungu 194C cha sheria ya India ya kodi ya mapato ya 1961. Kila aliyekatwa ana jina na namba ya mlipakodi. Kwa orodha hiyo kamishna hawezi kusema hamkumpa pa kuanzia.

---

Ruashi_RH

Kwa nini wajisumbue? Nimesoma kwamba uamuzi uliotolewa bila mwajiri kuwepo unafutwa. Wasiende, halafu waombe ufutwe.

---

Avoka_Kamalondo

Ndugu Ruashi, hapana, na tafadhali usimshauri mtu hivyo. Kifungu 7A(4) kinatoa miezi 3 tangu uamuzi ulipopelekwa, na lazima uthibitishe moja kati ya mawili: wito haukukufikia, au kulikuwa na sababu ya kutosha iliyokuzuia kufika. Aliyepata wito akakaa nyumbani hana lolote kati ya hayo. Na kifungu kinasema wazi kwamba kasoro ndogo katika upelekaji wa wito haitoshi, kama mwajiri alijua tarehe na alikuwa na muda wa kufika. Huyo atabaki na deni la milioni kwa karatasi za upande mmoja, na ile hoja ya Food Corporation ameizika mwenyewe.

Sasa swali la 3. Kuna njia mbili baada ya uamuzi, na muda wa kila moja ni tofauti.

Marejeo ya 7B: kwa ofisa huyohuyo, ndani ya siku 45, na kama hamjakata rufaa tu. Yanafaa pale ambapo kuna ushahidi mpya ambao hata kwa bidii haukupatikana kabla, au kosa linaloonekana usoni mwa uamuzi, mfano jumla iliyokosewa. Hayafai kwa kusema "hakutuelewa". Mtego wake: marejeo yakikataliwa, kukataliwa huko hakuna rufaa, na wakati mmesubiri, siku za rufaa ya uamuzi wa kwanza zimekuwa zikienda.

Rufaa ya 7I: kwa tribinali, siku 60, na tribinali inaweza kuongeza 60 nyingine kwa sababu nzuri. Zikipita 120, msitegemee huruma. Tangu Mei 2017 rufaa hizi hazisikilizwi tena na tribinali ya EPF ya peke yake. Zimehamishiwa kwa tribinali za viwanda za serikali kuu. Ukiona fomu ya zamani yenye jina la tribinali ya zamani, usiitume.

75% ni kweli kwa sheria ya 1952, kifungu 7O. Lakini kifungu hichohicho kinairuhusu tribinali kupunguza au kusamehe kabisa, ikiandika sababu. Ombi hilo ni karatasi ya peke yake, linaletwa pamoja na rufaa siku ileile. Msiandike tu kwamba kampuni haina pesa. Andikeni kwamba deni halina majina, kwamba wakandarasi walitajwa na hawakuitwa, na mwambatishe ile nakala yenye muhuri. Tribinali inapoona kasoro ya namna hiyo usoni mwa uamuzi, kupunguza kunakuwa na msingi.

Mahakama kuu ya jimbo, kwa ibara ya 226 ya katiba yao, ipo kwa pale ambapo ofisa hakuwa na mamlaka kabisa au hamkusikilizwa. Kwa ugomvi wa namba watawarudisha kwenye tribinali.

Riba ya ucheleweshaji, kifungu 7Q, ni 12% kwa mwaka na ina mtego wake. Ikiandikwa ndani ya uamuzi mmoja pamoja na 7A au 14B, inakatiwa rufaa humohumo. Ikitolewa kwa karatasi yake peke yake, haina rufaa ya 7I. Mnabaki na kupinga hesabu kwa ofisa. Hiyo ni hukumu ya Arcot Textile Mills ya 2013. Kwa hiyo hesabuni karatasi mlizopokea, msifikiri zote ni uamuzi mmoja.

---

MamaPaie_Katuba

Maître, na swali la 4 la miaka? Maana kuna wanaosema miaka mitano na wengine wanasema hakuna mwisho.

---

Avoka_Kamalondo

Mama, wote wana sehemu ya ukweli, kwa sababu wanasoma sheria mbili.

Sheria ya 1952 haikuweka mwisho wa kuanzisha 7A. Katika kesi ya Hindustan Times ya 1998, iliyohusu faini ya 14B, mahakama ilikataa kuweka ukomo wa miaka, lakini ilikubali kwamba mwajiri anaweza kuonyesha jinsi ucheleweshaji ulivyomuumiza, kwa mfano vitabu vimepotea au watu waliojua mambo hawapo tena. Yaani "miaka imepita" peke yake si utetezi. "Miaka imepita na hiki ndicho tulichopoteza kwa sababu hiyo" ni utetezi.

Sheria mpya ya India, Msimbo wa Hifadhi ya Jamii wa 2020, kifungu 125, unazuia uchunguzi kuanzishwa baada ya miaka 5, unataka umalizike ndani ya miaka 2, na nyongeza ya mwaka mmoja kwa sababu zilizoandikwa. Humo amana ya rufaa imeshuka hadi 25%. India ilitangaza misimbo yake minne ya kazi kuanza tarehe 21 Novemba 2025. Kwa hiyo someni kichwa cha wito: umetolewa tarehe gani, na unataja kifungu cha sheria ipi. Uchunguzi ulioanzishwa kwa 7A msiujibu kwa vifungu vya msimbo mpya bila avoka wa kule kuangalia masharti ya mpito. Kwa miaka mitatu mliyotajiwa, hoja ya ukomo haiwafikishi mbali hata hivyo. Nguvu zenu ziko kwenye majina na makundi ya vocha.

---

Ruashi_RH

Sawa, Maître, nimeelewa, narudisha neno langu. Sasa CNSS yetu hapa Congo, mfuko wetu wa hifadhi ya jamii? Hoja hizi za 7A naweza kuziandika kama enspekta wao akija kwetu?

---

Avoka_Kamalondo

Hapana, usizipeleke. Kwetu msingi ni sheria 16/009 ya tarehe 15 Julai 2016, na CNSS, ambayo wengi bado wanaiita INSS, imeundwa kwa dekreti ya 2018. Mchango wetu ni 18%: 13% ya mwajiri, 5% ya mfanyakazi. Hakuna 7A, hakuna amana ya 75%, hakuna tribinali ya EPF. Ukiweka hukumu ya India kwenye barua ya CNSS, itasomwa kama mapambo.

Kinachovuka mpaka ni kazi ya karatasi. Ibara ya 19 ya Katiba yetu ya 2006 inahakikisha haki ya kujitetea, lakini haki hiyo inahitaji kitu cha kushika: karatasi ya ujumbe wa ukaguzi yenye majina ya wakaguzi na kipindi kinachokaguliwa, orodha ya nyaraka mlizowapa iliyosainiwa pande zote mbili, na majibu yenu ya maandishi kabla ya muda waliotoa kuisha. Na tofauti ya deni iandikwe mtu kwa mtu, mwezi kwa mwezi. Mfanyakazi wa Ruashi akifika uzeeni ataulizwa miezi yake. Jumla ya kampuni haitamsaidia.

---

Kampemba_Hesabu

Aksanti mingi, Maître, na wewe Mama. Nimeanza kugawa vocha jana jioni. Kitu kimoja: wanataka mimi niapie jedwali la namba kwa sababu nimelitengeneza. Niko Lubumbashi. Inawezekana?

---

Avoka_Kamalondo

Inawezekana, ila ni njia ndefu. Kwa sheria ya India ya 1948, maofisa wa kibalozi wao wanaweza kupokea kiapo nje ya nchi, na ubalozi wa India uko Kinshasa. Notario wa hapa peke yake atakuletea ubishi wa uhalali wa muhuri. Na kila karatasi ya Kifaransa utakayoambatisha itahitaji tafsiri ya Kiingereza.

Afadhali aape mtu wa kampuni kule India anayeshika vocha zenyewe. Wewe jedwali lako liwe kiambatisho, na yeye alikague mstari kwa mstari kabla ya kusaini, kwa sababu maswali ataulizwa yeye. Uchunguzi wa 7A unahesabiwa kuwa shauri la kimahakama, na kiapo cha uongo humo ni kosa la jinai. Asisaini namba ambayo hakuiona kwenye vocha.

---

MamaPaie_Katuba

Na kila mstari wa jedwali uwe na namba ya vocha pembeni, Kaka. Kamishna atachagua mitatu au minne aombe kuiona palepale. Mmoja ukikosekana, ataanza kutilia shaka na ile mingine.